Jinsi ya kutembea Chicano Park na kuisoma, sio kupiga picha tu

Miaka miwili nilikuwa napita kila siku juu ya Chicano Park, bustani ya michoro iliyo chini ya daraja la Coronado, na sikujua kama ipo. Nilikuwa nakaa City Heights hapa San Diego, kule waliko Wasomali, Wakongo, Warundi na sie wengine wa Kiswahili, na kazi nilipata hoteli moja upande wa pili wa maji, Coronado, basi asubuhi nadandia basi la 901 linapanda lile daraja refu la bluu lililopinda, mi macho yangu kwenye meli za kivita na bahari, chini ya daraja sikuwahi kutazama hata siku moja. Mpaka mama mmoja wa Kimeksiko niliyekuwa natandika naye vitanda akaniambia Jumapili njoo nikuonyeshe kwetu. Tukashuka kwenye troli (treni ya mjini), tukatembea kidogo, tukaingia chini ya daraja lile lile, na nguzo zote zile za zege zimechorwa toka chini mpaka kule juu shingo inauma, nyoka wenye manyoya, wakulima, akina mama, watoto, bendera. Nilisimama nikakosa neno.

Tangu siku hiyo nimewapeleka watu wengi, na wengi wanafanya kosa lile lile, wanashuka, selfi nne tano, wanaulizia taco ziko wapi, tumeondoka. Sasa naandika hii kwa ajili ya mwenzangu uliyeko California, au unayekuja kutembea, au hata uko zako Mwanza au Mombasa unataka tu kujua hawa Wachicano ni akina nani. Ukiifuata utatoka pale umeelewa kitu.

Kabla hujaenda, lielewe kwanza hilo jina

Chicano ni Mmarekani mwenye asili ya Meksiko, ila sio kila mwenye asili hiyo anajiita hivyo, na hapa ndo watu wanakosea. Zamani lilikuwa neno la kudharauliana, la kumwita mtu wa chini, asiye na elimu. Vijana wa miaka ya 60 wakalichukua wakalivaa wenyewe kwa kujivunia, wakasema sisi sio Wameksiko waliopotea na sio Wamarekani nusu, sisi ni Chicano. Kwa hiyo neno lina siasa ndani yake. Mwanamke ni Chicana. Wapo wazee mpaka leo hawalipendi, wanataka uwaite Mexicano, na vijana wengine wanaandika Chicanx. Ushauri wangu ni rahisi, usimbandike mtu, ngoja ajitaje mwenyewe.

Kitu cha pili ujue mwaka 1848. Marekani na Meksiko walipigana vita, Meksiko ikashindwa, ukasainiwa mkataba wa Guadalupe Hidalgo na California pamoja na sehemu kubwa ya nchi za kusini magharibi zikahamia Marekani. Kuna familia hazikuvuka mpaka wowote, mpaka ndo uliwavuka wao, na hii utaisikia sana ukikaa na watu wa pale. Ndo maana utaona neno Aztlán kila mahali, ni nchi ya asili ya Waazteki kwenye masimulizi yao, na Wachicano wakalitumia kuiita ardhi hii ya kusini magharibi, kwamba hapa ni kwetu toka zamani. Mi naongeza moja ambayo naona lazima isemwe, San Diego kabla ya Mhispania na kabla ya Mmeksiko ilikuwa ya watu wa Kumeyaay, na wapo mpaka leo, kwa hiyo unaposikia habari ya Aztlán uwakumbuke na hao.

Unafikaje

Panda troli ya Blue Line ushuke kituo cha Barrio Logan, hapo ni mwendo wa dakika chache kwa miguu, fuata daraja tu. Nenda Jumapili mchana. Siku za kazi kumetulia na mwanga wa asubuhi ni mzuri kwa picha, lakini Jumapili ndo unakuta watu, na bila watu utakuwa umeona zege na rangi.

Ukifika, usitazame picha kwanza

Najua ni ngumu, zinakuvuta. Lakini simama katikati utazame ardhi na utazame juu. Hapo uliposimama palikuwa mtaa wa watu, nyumba za familia za Kimeksiko walioishi Logan Heights toka mwanzoni mwa karne ya 20, na walikuwa wanashuka mpaka baharini kuvua na kuoga. Vita ya pili ya dunia ikaja, jeshi la maji likachukua ufukwe, bahari ikafungwa. Miaka ya 50 manispaa ikabadilisha matumizi ya ardhi, yadi za magari chakavu zikaanza kufunguliwa katikati ya nyumba za watu, unaanika nguo na jirani yako anakata vyuma. Mwaka 1963 barabara kuu ya I-5 ikapita ikaupasua mtaa vipande viwili. Halafu ikaja miguu ya daraja la Coronado, nyumba nyingine zikabomolewa, daraja likafunguliwa Agosti 1969. Maelfu ya watu waliondolewa, na hawakuulizwa, wengi hawakujua hata pa kwenda kulalamika na kwa lugha gani.

Watu wakaomba jambo moja dogo tu, basi hicho kiwanja kilichobaki chini ya daraja tupeni iwe bustani ya watoto. Wakaahidiwa.

Tarehe 22 Aprili 1970 (ndo siku hiyo hiyo Wamarekani walikuwa wanaadhimisha Siku ya Dunia kwa mara ya kwanza) kijana mwanafunzi wa San Diego City College, Mario Solis, alikuwa anapita zake akaona mabuldoza yanasawazisha ardhi. Akauliza mnajenga nini, akajibiwa kituo cha polisi wa barabara kuu. Fikiria hiyo. Umebomoa nyumba za watu, umeahidi bustani, unawaletea kituo cha polisi. Kijana akakimbia kuwaambia watu, nyumba kwa nyumba, akaenda mpaka chuoni, na wanafunzi wakatoka madarasani, akina mama wakatoka na watoto, wazee wakatoka, wakashikana mikono kuzunguka yale mabuldoza, yakasimama. Bendera ya Aztlán ikapandishwa kwenye nguzo ya simu. Wakakaa pale siku 12, na hawakukaa tu, walileta majembe wakaanza kupanda miti, maua, mipungate na maguey.

Hiyo maguey ukiiona utasema ah huu si mkonge, na ni kweli ni ndugu yake wa damu, mkonge wetu wa Tanga asili yake ni Meksiko, Mjerumani Hindorf ndo aliyeleta miche Afrika Mashariki mwaka 1893 na iliyofika hai ilikuwa 62 tu. Kwa hiyo mtu wa Korogwe akisimama Chicano Park kuna mmea pale unamjua.

Baada ya siku 12 wakubwa wakakubali kukaa mezani, na bustani ikapatikana. Sasa ndo inua macho utazame nguzo.

Kusoma nguzo

Mi huwa nawaambia akina mama wenzangu soma kama unavyosoma kanga. Kanga hutazami maua tu, unatafuta jina, unajiuliza nani kavaa, kavaa siku gani, anamwambia nani. Nguzo hizi ni hivyo hivyo, kila moja ina anayeambiwa.

Wazo la kuchora lilikuwa la msanii Salvador Torres, mtoto wa hapo hapo Logan, yeye alizitazama zile nguzo mbaya zilizoua mtaa wake akaona ni kuta za kuchorea. Uchoraji ukaanza 1973, na siku za mwanzo walikuja watu wa mtaa wenyewe wakapewa rola na brashi wakapaka, ndo maana baadhi ya ile michoro ya kwanza imejaa mikono mingi na haijanyooka sana, na mi ndo naipenda kuliko zote. Baadaye wakaja wasanii kutoka Los Angeles na Sacramento. Mwaka 1975 kuna wanawake wasanii walitoka Sacramento wakachora nguzo yao wenyewe, na hilo lina uzito kwa sababu kwenye harakati hizi wanawake walikuwa wanapika, wanapiga chapa, wanaandamana, halafu kipaza sauti anashika mwanaume. Itafute hiyo nguzo.

Alama utakazokutana nazo mara kwa mara ni hizi. Nyoka mwenye manyoya ni Quetzalcóatl, mungu wa zamani wa Meksiko. Kichwa chenye nyuso tatu, mmoja unatazama kushoto mmoja kulia na wa katikati unakutazama wewe, ni mama wa wenyeji wa asili wa Meksiko, baba Mhispania, na mtoto aliyetokana nao. Bikira wa Guadalupe utamkuta mwingi. Mzee wa masharubu na kofia pana na risasi kifuani ni Emiliano Zapata, kiongozi wa mapinduzi ya Meksiko, aliyepigania ardhi iwe ya anayeilima.

Na tai mweusi mwenye mabawa ya ngazi ngazi kwenye duara jeupe na wekundu pembeni, huyo msimame naye kidogo, kwa sababu ukimwelewa yeye umeelewa nusu ya historia. Ni tai wa chama cha vibarua wa mashamba. Septemba 1965 huko Delano, California, vibarua wa zabibu waligoma, na walioanza ni Wafilipino, kiongozi wao Larry Itliong, watu wanamsahau sana huyo. Wiki moja baadaye wakajiunga Wameksiko wa chama cha Cesar Chavez na Dolores Huerta. Matajiri walikuwa na ujanja wa siku zote, Wafilipino wakigoma wanaletwa Wameksiko, Wameksiko wakigoma wanaletwa Wafilipino, safari hii wakagoma pamoja ujanja ukaisha. Mwaka 1966 wakatembea kwa miguu kutoka Delano mpaka Sacramento, kama kilomita 540, wakafika siku ya Pasaka. Halafu wakawaomba watu wa nchi nzima wasinunue zabibu, na mama wa nyumbani wa New York ambaye hajawahi kuona shamba akaacha zabibu dukani. Miaka mitano ilichukua, mikataba ikasainiwa Julai 1970. Ule msemo wa "Sí se puede", yaani inawezekana, unatoka kwa Dolores Huerta mwaka 1972, na kila mahali ukisikia umati unaitikia hivyo ujue unatokea mashambani.

Ukiona vijana wenye mabango na vitabu, hao ni Machi 1968, wanafunzi wa sekondari za East Los Angeles zaidi ya elfu kumi walitoka madarasani, walikuwa wamechoka shule mbovu, wanapigwa wakiongea Kihispania, wanasukumwa kwenye ufundi wa mikono hata kama wana akili ya udaktari, na mwalimu wao mmoja Sal Castro akasimama nao, akakamatwa. Ukiona habari za Agosti 29, 1970, hiyo ni siku ya maandamano makubwa ya kupinga vita ya Vietnam hapo hapo East Los Angeles, watu zaidi ya elfu 20, vijana wao walikuwa wanakufa vitani wengi kuliko uwiano wao katika nchi. Polisi wakavunja, na mwandishi wa habari Ruben Salazar akauawa na kombora la gesi ya machozi akiwa amekaa ndani ya baa. Usipite hapo unacheka cheka.

Mchoro mwingine wa kutafuta una maneno "Varrio Sí, Yonkes No". Yonke ni yadi ya magari chakavu, yale niliyosema. Maana yake mtaa ndio, yadi hapana, na ule ulichorwa wakati mapambano yenyewe yanaendelea, sio kumbukumbu ya baadaye.

Halafu kuna bibi, Laura Rodriguez. Oktoba 1970, miezi sita tu baada ya bustani, watu wa mtaa waliliteka jengo la Neighborhood House kwa sababu lilikuwa zamani linatoa huduma kwa watu likageuzwa maofisi, na huyu mama akiwa mtu mzima tayari alijifunga mnyororo mlangoni. Pale ikaanza kliniki ya bure ya mtaa. Kliniki ile ikakua ikakua, leo inaitwa Family Health Centers of San Diego na ina matawi mengi, mojawapo City Heights. Mwanangu wa mwisho alichanjwa kule. Nilikuwa nimekaa kwenye kile kiti na kadi ya chanjo mkononi, mkalimani yupo, sijaulizwa maswali ya kunidhalilisha, na sikujua kwamba kuna bibi alijifunga mnyororo ili nipate kukaa hapo. Kila nikifika kwenye nguzo yake nasimama. Na wewe mwenzangu wa City Heights unapaswa kusimama, maana wengi wetu tumepita kwenye mikono yake bila kujua.

Kitu kimoja zaidi, tazama pembeni chini karibu na sahihi utaona wakati mwingine herufi C/S. Ni con safos. Ni kama kinga, kwamba ukiharibu mchoro huu ubaya unakurudia mwenyewe. Huko pwani watu wataelewa haraka.

Usikose kibanda cha katikati

Kile jukwaa kinachofanana na hekalu la Wamaya kinaitwa Kiosko. Wakati wa kukijenga miaka ya 70 manispaa ilitaka mtindo wa Kihispania, mapaa ya vigae na matao, watu wakakataa wakasema sisi tunataka cha mababu wa asili. Wakashinda na hilo. Ugomvi wa mtindo wa paa unaweza kuonekana mdogo ila pale ulikuwa ni ugomvi wa nani ni baba yako.

Adabu

Usipande juu ya michoro, usiegemee, usimruhusu mtoto akwaruze. Picha piga, ila ukitaka kumpiga mtu picha muombe. Magari ya lowrider, yale yaliyoshushwa mpaka chini yanang'aa kama kioo, Jumapili yanakuja, mwenye gari anafurahi ukimsifia na ukimuuliza amelitengeneza miaka mingapi, ila usiguse kwa kidole, hata kama umenawa. Watu hawa walikamatwa miaka kwa miaka kwa sababu ya kuendesha polepole barabarani, mji jirani wa National City ulipiga marufuku toka 1992 na ukaja kuiondoa 2023, kwa hiyo lile gari nalo lina historia yake mahakamani.

Ukiweza nenda Jumamosi ya karibu na Aprili 22, ndo Chicano Park Day, kila mwaka. Wacheza ngoma za Kiazteki wanakuja na manyoya marefu na njuga miguuni, na wanafukiza copal. Ile harufu ikinifikia mi narudi Unguja moja kwa moja, kwa sababu inanikumbusha sandarusi yetu, na wafanyabiashara wa karne ya 19 waliokuwa wanainunua sandarusi Zanzibar waliiita copal, neno la Kiazteki. Simama nyuma ya duara, ukialikwa ndo uingie, usikatize katikati ya wachezaji. Kunywa agua fresca (kinywaji baridi cha matunda), kula, nunua kwa watu wa mtaa wenyewe maana kodi zimepanda Logan Avenue na familia za zamani zinahama, hii ndo vita yao ya sasa.

Kama una muda ingia Chicano Park Museum, imefunguliwa 2022 hapo hapo jirani. Na bustani yenyewe tangu mwishoni mwa 2016 ni alama ya kihistoria ya taifa, heshima ya juu kabisa ambayo serikali ya Marekani inatoa kwa sehemu za kihistoria. Ardhi waliyotaka kuweka polisi.

Ukiwa na watoto ongeza Lemon Grove

Hii ni siku nyingine, panda troli ya Orange Line. Mwaka 1931 mkuu wa shule ya pale aliwasimamisha mlangoni watoto wa Kimeksiko kama 75, akawaambia shule yenu ni ile kule, na ile kule ilikuwa kibanda ambacho wazazi walikiita La Caballeriza, yaani zizi. Wazazi wakagoma kupeleka watoto, wakaenda mahakamani kwa jina la mtoto mmoja, Roberto Alvarez, wakashinda. Hiyo ni miaka 23 kabla ya ile kesi maarufu ya ubaguzi wa shule (Brown, mwaka 1954) iliyofika mahakama ya juu kabisa ya Marekani. Watoto wangu wanasoma na kila rangi, niliwapeleka wakaone mji wenyewe nikawasimulia njiani kwenye troli, mkubwa akauliza sasa hao watoto 75 walirudi darasani wakakaa na nani. Swali zuri sana hilo, tuliliongelea mpaka nyumbani.

Maliza baharini

Usirudi kituoni moja kwa moja. Kuanzia mwanzo watu wa Logan walikuwa na kauli "hasta la bahía", mpaka baharini, kwamba bustani haijakamilika mpaka ifike kwenye maji waliyofungiwa na jeshi. Miaka ya 80 walipigania hilo mwaka hadi mwaka wakapata kipande. Kwa hiyo shuka na barabara ya Cesar E. Chavez, vuka reli na Harbor Drive kwa uangalifu maana malori ya bandarini hayana huruma, utafika kwenye majani na gati dogo, kushoto viwanda vya meli, kulia bandari ya mizigo, kipande chenyewe ni kidogo, ndo hicho kimebaki. Jumapili utakuta familia zinachoma nyama, wazee na fimbo zao za kuvulia. Kaa kwenye mawe. Ukitazama juu utaliona daraja lote linavyopinda, na basi la 901 likipita juu kule dogo kama kiberiti. Beba sweta, upepo wa jioni pale ni baridi hata kiangazi.